Barua kwa rafiki, jalada kwa umma: kisa cha Marcel Reich-Ranicki na Günter Grass

Tarehe 21 Agosti 1995 jarida la Der Spiegel la Hamburg lilitoka na jalada ambalo Wajerumani hawajalisahau mpaka leo. Mzee mwenye upara na miwani, uso umefura kwa ghadhabu, ameshika kitabu kinene kwa mikono miwili na anakichana katikati. Mzee ni Marcel Reich-Ranicki, mhakiki wa fasihi aliyejulikana kuliko wote nchini, sura ambayo hata muuza mboga wa Frankfurt aliijua kwa sababu ya televisheni. Kitabu ni Ein weites Feld, riwaya mpya ya Günter Grass, na wakati huo kilikuwa hakijafikia hata siku yake rasmi ya kutoka.

Ukifungua jarida lenyewe, hasira ya namna ile huikuti. Unakuta barua. Mhakiki anamwita mwandishi "Günter Grass wangu mpendwa" na kumweleza, kwa sauti ya mtu anayeumia, kwamba riwaya aliyoitolea jasho imeharibika kabisa. Anakiri kwamba hata yeye anaona uchungu kuyaandika hayo. Halafu anaingia kwenye kitabu na kuonyesha ni wapi kimeharibika.

Kisa hiki husimuliwa kama ugomvi wa wazee wawili wenye majina makubwa, na ukisimuliwa hivyo kinafurahisha kwa dakika tano tu. Mimi nakichukulia kwa uzito zaidi. Naamini kwamba Reich-Ranicki alikuwa na haki kamili ya kusema alichosema, na kwamba kukinyamazia kitabu kwa ajili ya urafiki kungekuwa usaliti kwa msomaji. Naamini pia kwamba hukumu hiyo ilifikishwa kwa umma kwa njia iliyoiharibu, na kwamba yeye, kuliko mtu mwingine yeyote Ujerumani, alikuwa na sababu ya kuikataa njia hiyo. Ili hilo lieleweke, inabidi kuanza na maisha yake.

Aliyeokolewa na hadithi

Alizaliwa tarehe 2 Juni 1920 mjini Włocławek, kando ya mto Vistula nchini Poland. Baba yake, David Reich, alikuwa na kiwanda cha vifaa vya ujenzi ambacho hakikumwendea vizuri. Mama yake, Helene, alikuwa Myahudi wa Ujerumani, na nyumbani fasihi ya Kijerumani ilikuwa yake. Mwaka 1929 familia ilihamia Berlin. Kijana akageuka mtu wa vitabu na majumba ya tamthilia, akimsoma Schiller, Fontane na Thomas Mann wakati nchi inazidi kumfungia milango. Wanazi waliposhika madaraka alikuwa na miaka 12. Tarehe 10 Mei 1933, katika mji huohuo aliokuwa akisoma shule, wanafunzi wa vyuo vikuu waliwasha moto hadharani na kutupa humo vitabu vya waandishi waliokataliwa na utawala, Erich Kästner akiwa mmojawapo.

Alimaliza shule mwaka 1938 na kuomba nafasi katika Chuo Kikuu cha Berlin. Akanyimwa kwa kuwa Myahudi. Oktoba mwaka huo polisi walimkamata na kumfukuzia Poland pamoja na maelfu ya Wayahudi wenye uraia wa nchi hiyo. Mfukoni alikuwa na marki tano, na mkononi riwaya ya Balzac aliyokuwa hajaimaliza. Hakuwahi tena kusoma chuo kikuu. Mtu aliyekuja kuitwa papa wa fasihi ya Kijerumani, kwa mfano wa yule wa Roma, hakuwa na shahada yoyote aliyoisomea.

Mwaka 1940 Wajerumani waliwafungia Wayahudi wa Warsaw ndani ya geto, mtaa uliozungushiwa ukuta. Marcel alijua Kijerumani kizuri, hivyo baraza la Wayahudi lilimpa usimamizi wa ofisi ya tafsiri na barua. Huko kulikuwa pia na msichana mchoraji, Teofila Langnas, aliyeitwa Tosia, ambaye baba yake alikuwa amejiua baada ya kunyang'anywa kila kitu. Marcel alipotimiza miaka 21, Juni 1941, Tosia alimpa zawadi. Kulikuwa na kitabu cha mashairi ya Kästner ambacho Marcel alikuwa amekiazima na kukipenda, na humo getoni hakikununulika. Tosia alikinakili kwa mkono, shairi baada ya shairi, akalichora kila moja picha ya rangi, kisha akazishona kurasa. Watu walikuwa wanakufa njaa na magonjwa barabarani, na mtu alikaa chini kunakili kwa hati nzuri mashairi ya mwandishi ambaye vitabu vyake vilichomwa Berlin. Nakala hiyo ilinusurika vita. Kwangu mimi, asiyekumbuka kitabu hicho kilichoshonwa kwa mkono hawezi kulitazama jalada la 1995 sawasawa.

Tarehe 22 Julai 1942 ofisa wa SS, kikosi cha Wanazi, Hermann Höfle, aliingia katika ofisi za baraza na kusoma amri ya kuwahamisha Wayahudi wa Warsaw. Aliyeketi kuandika kumbukumbu za kikao alikuwa Marcel Reich, mwenye miaka 22. Madirisha yalikuwa wazi, na nje askari wa SS waliokuwa wakisubiri walikuwa wakipiga muziki wa Strauss kwenye gramafoni. Amri ilisema kwamba wafanyakazi wa baraza na wake zao wangeachwa kwa wakati huo. Marcel akamwita Tosia, na siku hiyohiyo wakafunga ndoa palepale ofisini. Kesho yake mwenyekiti wa baraza, Adam Czerniaków, alijiua. Wazazi wa Marcel walipelekwa kambi ya mauaji ya Treblinka na kuuawa. Kaka yake, Alexander, aliuawa mwaka uliofuata. Dada yake, Gerda, ndiye aliyenusurika, kwa kuwa alikuwa amekwisha kukimbilia London.

Februari 1943 Marcel na Tosia walitoroka getoni na hatimaye kufichwa nje kidogo ya Warsaw na Bolek Gawin, mpanga chapa asiye na kazi, na mkewe Genia. Bolek, kwa maneno aliyoyakumbuka Reich-Ranicki mwenyewe, alisema kwamba Hitler, mtu mwenye nguvu kuliko wote Ulaya, ameamua hawa wawili wafe, na yeye, mpanga chapa mdogo wa Warsaw, ameamua waishi. Tutaona nani atashinda.

Chakula hakikutosha. Walikuwa wakisokota sigara za kuuza, na kiza kikiingia Marcel alianza kusimulia. Hakuwa na kitabu hata kimoja. Alisimulia kutoka kichwani. Werther, Hamlet, King Lear, Effi Briest, pamoja na opera alizoziona Berlin, zote zilisimuliwa kwa Kipoland cha kawaida kwa watu wawili ambao hawakuwa wasomaji. Hadithi ikiwanogea wenyeji, yeye na mkewe walipata kipande cha mkate cha ziada au karoti mbili tatu. Isipowanogea, walilala na njaa.

Jeshi la Urusi liliwakuta wako hai Septemba 1944. Nadhani pale ndipo uhakiki wake ulipozaliwa, hata kama yeye angetaja vyanzo vingine vya kisomi. Alijifunza kwa tumbo lake mwenyewe kwamba hadithi ama inamshika msikilizaji ama haimshiki, na kwamba mwandishi hana udhuru akimchosha. Kwa miaka hamsini iliyofuata, shtaka lake kubwa dhidi ya kitabu lilikuwa lilelile: kinachosha.

Miaka ya baada ya vita naipita haraka. Aliingia katika utumishi wa serikali mpya ya Poland pamoja na idara yake ya usalama, akatumwa London kama konseli, na huko ndiko alikoanza kulitumia jina la Ranicki. Akarudishwa nyumbani mwaka 1949, akafukuzwa kazi na chama mwaka 1950, akawekwa mahabusu majuma machache. Humo seli alisoma riwaya ya Anna Seghers, Das siebte Kreuz, na kuamua kwamba kazi yake ni fasihi na si siasa. Kazi yake ya usalama ilipofichuliwa magazetini mwaka 1994 alishambuliwa vikali. Julai 1958 alikwenda Ujerumani Magharibi na hakurudi. Alikwenda kuishi kati ya watu waliowaua wazazi wake, kwa sababu fasihi aliyoipenda ilikuwa kwa lugha yao.

Aliandikia gazeti la Die Zeit kuanzia 1960 hadi 1973, akachapwa kila mara, lakini kwa maelezo yake hakuwahi kualikwa hata mara moja kwenye kikao cha wahariri. Kisha akaongoza ukurasa wa fasihi wa gazeti la Frankfurter Allgemeine hadi 1988. Mwaka huohuo ulianza mjadala wa televisheni, Das Literarische Quartett, ambapo watu wanne walikaa na kugombana kuhusu vitabu mbele ya mamilioni. Kitabu kikitajwa humo, hata kwa kutukanwa, kesho yake kinaulizwa madukani.

Mwandishi na mhakiki wake

Grass alikutana naye kwa mara ya kwanza Warsaw, mwaka uleule wa 1958, kabla ya kuhama. Reich-Ranicki aliombwa amtembeze kijana fulani mwandishi kutoka Ujerumani Magharibi. Alimkuta katika hoteli ya Bristol, hajanyoa, macho mazito kwa vodka aliyokwisha kunywa peke yake. Maongezi hayakwenda. Alipoulizwa anaandika nini, Grass alijibu kwamba anaandika riwaya kuhusu mtu mwenye kibiongo aliyeko katika hospitali ya wagonjwa wa akili. Mwenyeji wake aliona hapo hamna kitu.

Riwaya hiyo ilikuwa Die Blechtrommel. Miezi michache baadaye Grass alisoma sehemu zake mbele ya kundi la waandishi lililoitwa Gruppe 47, na Reich-Ranicki, aliyekuwepo, alipendezwa. Ilipotoka nzima, aliiandikia tahakiki katika Die Zeit ya tarehe 1 Januari 1960, na tahakiki ilikuwa mbaya. Dunia ilikuwa inakitangaza kitabu cha karne. Yeye aliona mwandishi mwenye kipaji asiyejua kujizuia. Mwaka 1963 alirudi kwenye redio na kusema kwamba hakumtendea Grass haki, kwamba nguvu ya riwaya ile ilimpita. Wahakiki wangapi wanaweza hilo? Kwa kawaida tukishaandika, tunashikilia.

Katika mikutano ileile ya 1958 Grass alimsikiliza akisimulia kuhusu Bolek na usiku wa hadithi, na baadaye akaomba ruhusa ya kukitumia kisa hicho. Mwaka 1972 kikatokea ndani ya kitabu chake, Aus dem Tagebuch einer Schnecke: mwalimu aitwaye Zweifel anafichwa wakati wa vita katika ghala la chini, naye anampa mwenyeji wake hadithi. Reich-Ranicki alimwambia Grass kwa utani kwamba anastahili sehemu ya malipo. Grass akakubali kumlipa kwa mchoro wake mwenyewe, akamkaribisha pamoja na Tosia kwake, kijiji cha Wewelsfleth. Mwandishi mwenyewe aliingia jikoni kupika samaki. Mhakiki, ambaye miiba ya samaki ilikuwa ikimtia hofu, alikula na kukiri kwamba alikuwa mtamu. Mchoro ukatiwa maandishi ya kumtaja rafiki.

Basi huyu ndiye Grass wa barua ile: mtu aliyepewa hadithi ya kuokoka kwa mwenzake na kuitia kwenye kitabu kwa heshima. Katika miaka hiyo yote tahakiki ziliendelea kupanda na kushuka. Reich-Ranicki aliisifu sana Das Treffen in Telgte ya mwaka 1979 na kuiponda vibaya Die Rättin ya mwaka 1986. Grass aliumia, akanuna, akarudi. Kanuni ilikuwa wazi kwa wote wawili: urafiki ni wa mezani, kitabu kinapimwa peke yake.

Riwaya yenyewe

Ein weites Feld si kitabu rahisi, na ni haki kukieleza kabla ya kukihukumu. Ukuta wa Berlin umeanguka, Ujerumani mbili zinaungana. Mzee Theo Wuttke, anayeitwa Fonty, anaishi kana kwamba yeye ni Theodor Fontane, mwandishi wa karne ya 19, aliyerudi. Anajua kila sentensi ya Fontane na anayafananisha maisha yake na ya marehemu. Nyuma yake anatembea Hoftaller, jasusi wa kudumu aliyetumikia kila utawala, anayemlinda na kumtishia kwa wakati mmoja. Wote wawili wanafanya kazi katika jengo kubwa la Berlin ambalo zamani lilikuwa wizara ya Göring, sasa ni makao ya Treuhand, shirika lililopewa mali yote ya umma ya Ujerumani Mashariki ili kuibinafsisha. Msomaji wa Tanzania au Kenya aliyeiona miaka ya 1990, viwanda vikiuzwa na wafanyakazi wakirudishwa nyumbani, hatahitaji kuelezwa kwa nini mwandishi aliliona jengo hilo linafaa riwaya.

Grass alikuwa amepinga muungano wa haraka tangu mwanzo. Katika kitabu, Fonty anaiita Ujerumani Mashariki udikteta wa starehe. Maneno hayo ni ya mhusika, lakini wengi waliyasoma kama ya mwandishi, na mwaka 1995 hayakuweza kupita kimya. Kichwa cha riwaya kinatokana na maneno ya mwisho ya Effi Briest ya Fontane, ambapo baba mzee anayekwepa swali gumu husema kwamba hilo ni jambo pana mno. Tusisahau kwamba Effi Briest ni mojawapo ya hadithi zilizolipwa mkate kwa Bolek. Grass hakuchagua uwanja wa kigeni kwa mhakiki wake. Aliingia kwenye chumba ambacho mhakiki alikijua hata gizani.

Aprili mwaka huo Reich-Ranicki alikuwa amemwalika Grass Frankfurt, katika jumba la jumuiya ya Wayahudi, asome sehemu za riwaya hiyo kabla haijatoka. Jioni ile ilikwenda vizuri. Grass alikuwa msomaji hodari wa kazi zake, na ukurasa ukisomwa kwa sauti yake ulisimama. Agosti ilipofika, kitabu kilikuwa mezani kwa mhakiki kikiwa na mamia ya kurasa na hakina sauti ya kukisaidia.

Barua

Hoja zake nazigawa katika mafungu mawili, kwa sababu hazina uzito sawa.

Fungu la kwanza linahusu sanaa. Anasema Fonty na Hoftaller hawaishi. Wanabeba nukuu na maoni kutoka ukurasa hadi ukurasa. Anasema maongezi hayana mwisho na kwamba yeye, msomaji wa Fontane maisha yake yote, alichoka. Hapa namwamini. Riwaya hii ina kurasa zaidi ya 700, na kwa sehemu ndefu wazee wawili wanatembea Berlin wakikumbushana. Kuna msomaji atakayeipenda, lakini aliyekwisha kusimulia hadithi ili ale ana haki ya kusema hii haiwezi kuliwa.

Fungu la pili linahusu siasa. Anamuuliza Grass kwa nini ana ukali mwingi kwa Treuhand na upole mwingi kwa utawala uliowafunga watu wake nyuma ya ukuta. Ni swali halali kwa mwananchi kumuuliza mwananchi. Kwa mhakiki kumuuliza mwandishi, lina hatari, kwa sababu riwaya haidaiwi mizania. Fonty ni mzee aliyeishi Ujerumani Mashariki na kuzoea. Akisema udikteta ule ulikuwa wa starehe, anasema kama yeye. Nadhani hapa Reich-Ranicki aliacha kusoma riwaya na kuanza kumjibu mtoa hotuba. Wapinzani wake walilishika hilo na kusema kitabu kimechinjwa kwa sababu ya siasa, hivyo hoja zake za sanaa, zilizokuwa na nguvu zaidi, hazikusikika tena.

Kisha kuna umbo lenyewe. Kwa nini barua? Tahakiki husema na msomaji: nimekisoma, nimeona hiki na hiki, amua. Barua husema na mwandishi mbele ya watu. Grass angekuwa na jibu gani? Akijibu, anaonekana mtoto anayelia. Akinyamaza, anaonekana amekubali. Upole wa maneno, kumbukumbu za urafiki, na kusema kwamba inamuuma, vyote hivyo vilizidisha aibu. Tuna desturi yetu ya washairi kujibizana hadharani, na Muyaka wa Mombasa alipigana kwa beti na wapinzani wake bila huruma, lakini kule kila upande una ubeti wake na hadhira inajua zamu itafika. Grass hakuwa na zamu.

Wanafunzi wetu hufundishwa uhakiki kwa kuorodhesha: dhamira, wahusika, mandhari, matumizi ya lugha. Mwalimu anaweka vema, na mara chache humuuliza mwanafunzi kama kitabu kizuri. Ndiyo maana namthamini Reich-Ranicki kiasi hiki. Yeye alianza na swali hilo na hakujificha nyuma ya istilahi. Alisema waandishi wengi hawaielewi fasihi zaidi ya ndege wanavyoielewa elimu ya ndege, na alidai mhakiki aandike kwa lugha ambayo mtu wa kawaida akiwa kwenye treni anaisoma bila kamusi. Barua ya 1995, pamoja na kasoro zake, imeandikwa hivyo. Hakuna sentensi humo ambayo haieleweki.

Jalada

Picha ilikuwa ya kuunganishwa. Hakusimama mbele ya kamera akichana kitabu. Der Spiegel lilikuwa limekwisha kumfanyia jambo kama hilo mwaka 1993, lilipomchora jaladani kama mbwa anayerarua vitabu. Alijua basi jarida hilo linavyofanya kazi, na bado alilipa makala nzito kuliko zote za maisha yake.

Tofauti ya makala na picha ni kubwa. Makala inasema: nimekisoma kitabu hiki mpaka mwisho, hiki ndicho nilichokiona. Picha inasema: kitabu hiki hakistahili kuwepo. Sihukumu nia ya wahariri. Magazeti huuzwa kwa majalada. Lakini Ujerumani si nchi ambayo picha ya kitabu kinachoharibiwa kwa mikono ni mapambo tu. Ilichoma vitabu mwaka 1933, na mtu aliyewekwa jaladani ni mwathirika wa kizazi hichohicho, mtu ambaye mkewe alinakili kwa mkono mashairi yaliyotupwa motoni. Kumtumia yeye kwa picha ile ni kumgeuza kinyume cha maisha yake yote. Nasikitika kwamba kelele zote zilikwenda kwa Grass aliyetukanwa, na chache sana kwa mhakiki aliyefanyiwa jambo hilo.

Hata hivyo simwondolei lawama. Umaarufu wa televisheni alikuwa ameutafuta na kuufurahia, kile kidole kinachotikiswa, sauti inayopanda, kauli za mkato. Aliamini, na kwa sehemu kubwa alikuwa sahihi, kwamba kelele hizo zilirudisha fasihi sebuleni kwa watu ambao wangekesha wakitazama mpira. Bei yake ni kwamba mhakiki anageuka mhusika, na mhusika ana sura moja tu. Kufikia 1995 umma ulimjua kama mtu wa kuponda vitabu, na jalada lilichukua kile ambacho tayari kilikuwepo. Mwaka 2002 mwandishi mwingine aliyewahi kupondwa naye, Martin Walser, alitoa riwaya, Tod eines Kritikers, yenye mhakiki wa televisheni anayefanana naye waziwazi na anayesadikiwa kuuawa. Frank Schirrmacher wa Frankfurter Allgemeine alikataa kuichapa gazetini na kuishutumu kwa chuki dhidi ya Wayahudi. Aliyenusurika Warsaw alikuwa na miaka 82 wakati nchi ikijadili kama ni sawa kuandika riwaya kuhusu kifo chake. Njia ya kufika huko ilipita kwenye jalada lile.

Baada yake

Ein weites Feld kilinunuliwa kwa wingi, kikawa miongoni mwa vitabu vilivyouzwa zaidi mwaka huo. Aliyetaka kukiua alikitangaza. Grass alijeruhiwa, na uhusiano wao haukurudi ulivyokuwa. Mwaka 1999 alipewa Tuzo ya Nobel. Mwaka huohuo Reich-Ranicki alitoa kumbukumbu zake, Mein Leben, na humo akasimulia hoteli ya Bristol, Bolek na samaki wa Wewelsfleth bila uchungu wowote. Ni kitabu bora kuliko tahakiki zake zote, na mamia ya maelfu ya Wajerumani walikisoma.

Mwaka 2006 Grass alikiri kwamba akiwa na miaka 17 alikuwa askari wa Waffen-SS, tawi la kijeshi la SS. Mwaka 2012 alichapa shairi la kuishutumu Israeli, na Reich-Ranicki, mwenye miaka 91, aliliita la kuchukiza. Januari mwaka uleule alikuwa amesimama katika Bunge la Ujerumani kusimulia tarehe 22 Julai 1942, amri ya Höfle na ndoa ya ofisini. Tosia alikuwa amefariki Aprili 2011. Yeye alifuata tarehe 18 Septemba 2013 mjini Frankfurt, na Grass tarehe 13 Aprili 2015 huko Lübeck.

Kati ya matukio hayo kuna moja ambalo wapinzani wake mara nyingi hawalitaji. Katika miaka ya mwanzo ya karne hii alikusanya kazi za fasihi ya Kijerumani alizoona kila Mjerumani aliyesoma azijue. Kwa riwaya alijiruhusu 20 tu, kutoka Goethe hadi Thomas Bernhard. Effi Briest imo. Riwaya ya Seghers aliyoisoma mahabusu imo. Na katika nafasi hizo chache, ambapo waandishi wengi wakubwa walikosa hata moja, aliiweka Die Blechtrommel, kitabu alichokiponda tarehe 1 Januari 1960. Ein weites Feld hakimo.